Binti Mfalme wa Babelsberg

"Mtazame miguu," Bibi aliniambia, akinyoosha kidole kuelekea runinga. "Usimtazame usoni. Mtazame miguu."

Ilikuwa Jumapili ya Desemba, saa tisa alasiri, na nje jiji la Leipzig lilikwisha kuanza kuingia giza. Bibi ni jirani yangu wa ghorofa ya chini, mjane aliyezaliwa katika jiji hili miaka michache baada ya vita. Kwa Kijerumani humwita kwa jina la ukoo na kwa heshima zake zote, lakini moyoni, na katika maandishi haya, yeye ni Bibi. Kila mwaka, wiki za kabla ya Krismasi, runinga za Ujerumani hurudia filamu za zamani za watoto, na Bibi hunialika kunywa chai na kula Stollen, ule mkate mzito wa zabibu kavu unaonyunyiziwa sukari ya unga mpaka ukafunikwa wote. Siku hiyo ilikuwa zamu ya *Das singende, klingende Bäumchen*, filamu ya mwaka 1957 ambayo jina lake kwa Kiswahili lingekuwa Kijimti Kiimbacho na Kulia kama Kengele.

Nikamtazama miguu.

Kwa kweli miguu haikuonekana, kwa maana binti mfalme alikuwa amevaa gauni pana lililofunika nyayo. Kilichoonekana ni namna gauni lilivyokwenda. Halikuyumba wala halikuruka. Lilipita sakafuni kama mashua inayosukumwa na upepo wa nyuma, na juu yake shingo imesimama wima, kidevu kimeinuliwa kwa dharau kiasi kwamba hata mimi niliyeketi sebuleni kwa mtu nilijiona ninadharauliwa.

"Mcheza baleti," Bibi alisema kwa fahari. "Alijifunza hapa hapa Leipzig."

Nilimwuliza anaitwa nani. Alijibu papo hapo, kama anayetaja jina la mwanafunzi mwenzake wa darasa la tatu: Christel Bodenstein.

## Simu ya Bristol

Huenda jambo hili lingeishia pale kwenye chai kama nisingempigia simu jioni ile rafiki yangu mmoja anayeishi Bristol, Mwingereza aliyepita miaka sitini. Nilimsimulia habari ya filamu niliyotoka kuitazama: mti wa kichawi, mwana wa mfalme anayegeuzwa dubu, kibete mwovu, samaki mkubwa wa dhahabu. Alinyamaza. Kisha akaniuliza, kwa sauti ambayo sikuizoea kwake, kama samaki yule alikuwa amenaswa kwenye barafu.

Nikamwambia ndiyo.

Akaniambia kwamba alikuwa mtoto mdogo alipoitazama kwenye runinga ya nyumbani kwao, na kwamba kwa miaka mingi baadaye hakujua kama kweli aliiona au aliiota. Alimkumbuka kibete jinsi alivyokuwa akichungulia kutoka mwambani. Alimkumbuka dubu. Aliukumbuka uso wa binti mfalme, hata akaweza kunieleza jinsi ulivyokuwa mzuri, ukaharibika, kisha ukarudi. Nilipomwuliza jina la aliyeigiza, alisema hajawahi kulisikia. Nilipomwuliza sauti yake ilikuwaje, alifikiri kidogo, akajibu kwamba binti mfalme hakuwa na sauti. Aliyekuwa na sauti ni mwanamume mmoja aliyesimulia.

Jibu hilo ndilo lililonikosesha usingizi kwa wiki kadhaa. Dari moja tu juu ya kichwa cha Bibi ninalala mimi, na Bibi analijua jina la mwigizaji huyu kama anavyolijua jina la mtaa wake. Ng'ambo ya bahari nyembamba yuko mtu mwingine aliyeubeba uso uleule maisha yake yote bila jina na bila sauti. Nilitaka kujua nini kilitokea hapo katikati.

## Filamu iliyovuka kabla ya mabalozi

Filamu ilitengenezwa na DEFA, shirika la filamu la Ujerumani Mashariki lililoanzishwa mwaka 1946 katika studio kongwe za Babelsberg, mjini Potsdam. DEFA ilizipa hadithi za watoto uzito ambao nchi nyingi hazikuzipa. Filamu yake ya kwanza ya rangi, *Das kalte Herz* ya mwaka 1950, ilikuwa hadithi ya namna hiyo. *Die Geschichte vom kleinen Muck* ya mwaka 1953 ikafuata na kupendwa kupita kiasi. Waliopewa kazi hizi walikuwa waongozaji, mafundi na watunzi wa muziki wa daraja la kwanza. Mtoto wa miaka saba alihesabiwa kuwa mtazamaji kamili.

*Kijimti* ilipigwa yote ndani ya studio. Hakuna mti wa kweli wala mwamba wa kweli. Mbingu yenyewe imechorwa. Mwongozaji, Francesco Stefani, alitoka Ujerumani Magharibi, na mwana wa mfalme aliigizwa na Eckart Dux, mwigizaji mzaliwa wa Berlin. Mwaka 1957 Ukuta wa Berlin ulikuwa bado haujajengwa, na mtu wa upande mmoja aliweza bado kwenda kufanya kazi upande wa pili. Binti mfalme alikuwa msichana wa miaka kumi na minane aliyezaliwa Munich mwaka 1938, akalelewa Leipzig, akafunzwa dansi, na ambaye kabla ya hapo alikuwa amefanya kazi na mwongozaji Slatan Dudow katika *Der Hauptmann von Köln* ya mwaka 1956.

Mwaka 1964 BBC iliionyesha filamu hii kwa watoto wa Uingereza. Waliikata vipande vitatu, kimoja kila wiki, na badala ya kuwaingizia waigizaji sauti za Kiingereza walimweka msimulizi mmoja, Tony Bilbow, akaeleza kila kitu juu ya maneno ya Kijerumani yaliyosikika kwa mbali chini yake.

Mwaka huo una uzito wake kwangu. Nimekulia Kikwajuni, Unguja, katika nyumba za ghorofa zilizojengwa kwa msaada wa Ujerumani Mashariki, na kila mtoto wa pale alisikia kwa wakubwa kwamba Zanzibar ya Mapinduzi iliitambua nchi hiyo mwaka 1964, wakati karibu dunia yote iliyokuwa nje ya kambi ya kikomunisti iliikwepa kwa kuogopa hasira za Bonn, mji mkuu wa Ujerumani Magharibi. Uingereza yenyewe haikuitambua mpaka mwaka 1973. Kwa hiyo kwa miaka tisa watoto wa Kiingereza walikuwa wakioteshwa ndoto na nchi ambayo, kwa maandishi ya serikali yao, haikuwepo.

Nimelitafakari hilo sana. Uso wa msichana wa Leipzig ulipita mahali ambapo balozi asingepita. Lakini jina lake lilibaki mpakani.

## Sauti juu ya sauti

Mwanzoni nilimkasirikia msimulizi. Nilijiambia kwamba kuifunika sauti ya mwigizaji ni kumnyang'anya nusu ya kazi yake, na niliandika aya mbili kali ambazo nimezifuta.

Nilizifuta kwa sababu nilikumbuka nilikojifunzia mimi mwenyewe kuipenda filamu. Nilijifunzia kwenye kibanda cha video, juu ya benchi la mbao, mbele ya filamu za Kihindi na za Kichina ambazo hakuna hata mmoja wetu aliyejua lugha zake. Aliyetufungulia mlango ni mtu mwenye kipaza sauti. Kila msomaji wa Kiswahili anawajua watu hawa: Lufufu wa Dar es Salaam, DJ Afro wa Nairobi, na wengine wengi walioketi juu ya filamu ya mtu mwingine wakaisimulia, wakaifafanua, wakamwonya shujaa, wakamtukana adui. Sikuwahi kujiona nimeibiwa chochote. Nilijiona nimekaribishwa.

Na bado, nikijiuliza leo ni jina gani la mwigizaji wa kike ninalolikumbuka kutoka kwenye kibanda kile, silioni hata moja. Ninawakumbuka wanawake kumi au ishirini: aliyelia kwenye mvua, aliyemkimbilia kaka yake kituoni, aliyekunywa sumu. Nyuso zao ziko wazi mbele yangu. Sauti niliyo nayo ni ya msimuliaji.

Basi nilichokuwa ninamlaumu mtangazaji wa London, mimi mwenyewe nimekifanya tangu utotoni, tena kwa furaha.

Kuna jambo moja zaidi ambalo nilipoligundua niliinuka kitini. Eckart Dux, yule aliyemwigiza mwana wa mfalme na kisha dubu, alikuja kuwa mmoja wa watu maarufu wa kuingiza sauti katika filamu za Ujerumani. Wajerumani walipomtazama mwigizaji wa Marekani Anthony Perkins katika *Psycho*, sauti waliyoisikia ilikuwa ya Dux. Katika filamu moja, mwaka mmoja, walisimama mbele ya kamera vijana wawili. Mmoja alikwenda kuwa sauti ambayo watazamaji hawakuiona na uso. Mwingine, kwa watoto wa nchi nzima, akawa uso usio na sauti.

## Kilichobaki

Niliomba kwa Bibi nirudie kuitazama, safari hii kwa namna ya yule mtoto wa Bristol. Tulizima sauti kabisa. Nilipunguza na rangi za runinga mpaka picha ikawa ya kijivu, kwa sababu mwaka 1964 runinga ya BBC ilikuwa bado ya nyeusi na nyeupe. Hilo peke yake linaumiza ukilifikiria. Rangi zilikuwa fahari kubwa ya filamu hii: ule wekundu, ile dhahabu, ile buluu ya milki ya kibete, zote katika Agfacolor, mbinu ya rangi iliyozaliwa Wolfen, mji wa viwanda ulio mwendo mfupi wa treni kutoka hapa tulipoketi. Watoto wa Uingereza hawakuona hata tone lake.

Kwa hiyo sauti imeondoka, rangi imeondoka, na hadithi imekatwa vipande. Nilitaka kuona nini kinabaki mikononi mwa mwigizaji baada ya hayo.

Kinabaki kingi.

Mwanzoni binti mfalme anazikataa lulu alizoletewa na mchumba. Tazama kifundo cha mkono. Mwigizaji mwingine angekunja uso. Bodenstein uso wake unabaki karibu mtulivu, na dharau yote imewekwa pale mkono unapokutana na kiganja, katika mgeuko mdogo kama wa mtu anayeondoa unyuzi wa buibui. Anachokitaka ni kile kijimti kiimbacho. Mwana wa mfalme anakipata kwa masharti ya kibete, anakileta, na kijimti kinakaa kimya, kwa kuwa hakiimbi mpaka binti mfalme apende kwa dhati. Hapo tena hakunji uso. Anageuza mgongo, na mgongo ule unasema neno zima.

Baadaye uzuri wake unaondolewa. Nywele za dhahabu zinafifia, sura inavurugika, na watu wa mapambo ya uso wamefanya kazi yao. Lakini kazi iliyonishangaza ni ya mwanamke mwenyewe: amebadili mwendo. Mabega yaliyokuwa mbali na masikio yamepanda. Uzito uliokuwa juu, kifuani, umeshuka mpaka nyongani. Ile mashua imekwama mchangani. Mtu asiyecheza dansi angeweza kuigiza aibu. Huyu ameihamisha aibu ikaingia kwenye mifupa.

Kisha inakuja sehemu ya barafu, ile iliyoganda kichwani mwa rafiki yangu kwa miaka hamsini na zaidi. Samaki mkubwa wa dhahabu amenaswa, maji yameganda kumzunguka. Ni samaki wa kutengenezwa, na mtu mzima anaona wazi kwamba ametengenezwa. Anayemfanya aonekane hai ni binti mfalme, kwa namna anavyomwendea. Alipokuwa na kiburi alisogea mbele ya viumbe kama mtu anayepita mbele ya samani. Sasa anainama, na kuinama kwake hakuna ustadi wowote wa jukwaani. Ni kuinama kwa mtu aliyesahau kwamba anatazamwa. Kwa mcheza baleti, ambaye mwili wake umefundishwa miaka yote usisahau kamwe kwamba unatazamwa, nadhani hilo ndilo lilikuwa gumu kuliko yote.

Bibi alikuwa ameketi kimya muda wote huo. Tulipofika hapo alisema, "Unaona sasa."

Nilikuwa ninaona.

## Mke wa nani

Jina nililipata kwa Bibi, na nikadhani maisha yake yangefuata kwa urahisi. Hapa nilikwama kwa muda mrefu kuliko mahali pengine popote.

Kila nilipomtafuta Christel Bodenstein nilifikishwa kwa Konrad Wolf. Walioana mwaka 1960 na kuachana mwaka 1978. Wolf alikuwa mwongozaji mashuhuri kupita wote wa DEFA: mtoto wa daktari na mwandishi wa tamthilia aliyekimbilia Moscow na familia yake kuwakimbia Wanazi, kijana aliyerudi Ujerumani mwaka 1945 akiwa na sare ya Jeshi Jekundu, rais wa akademia ya sanaa ya Ujerumani Mashariki tangu 1965 hadi kifo chake mwaka 1982. Kaka yake, Markus Wolf, aliongoza ujasusi wa nje wa nchi hiyo. Ni familia ambayo ukianza kuisoma hutaki kuiacha, na mimi sikuiacha. Usiku mmoja nilijikuta nimeandika kurasa nne za makala haya, na katika kurasa zote nne Christel Bodenstein alitajwa mara mbili, mara zote mbili baada ya neno "mkewe".

Nilizisoma asubuhi yake nikaona haya.

Nilikuwa nimeanza kwa kusikitika kwamba Waingereza walimchukua uso wakaacha jina. Na mimi, mwenye jina mkononi, nilikuwa nimemrudisha nyuma ya mtu mwingine. Sikuwa na nia mbaya. Historia kubwa ina mvuto wake, na mambo ya vita, ujasusi na itikadi huonekana mazito kuliko msichana aliyejifunza kupita ukumbini bila gauni kuyumba. Lakini sikuja kuandika habari za vita.

Nilizifuta kurasa zile, nikaanza tena na kazi yake.

Kazi yenyewe ni nyingi kuliko filamu moja. Mwaka 1962 alicheza katika *Revue um Mitternacht*, filamu ya muziki na dansi, na mwaka 1963 katika *Beschreibung eines Sommers*, mkabala na mwigizaji Manfred Krug, katika hadithi ya mapenzi ya watu wazima iliyozungumzwa sana Ujerumani Mashariki. Baadaye alihamia Friedrichstadt-Palast, jumba kubwa la maonyesho ya muziki na dansi jijini Berlin, akaongoza maonyesho badala ya kuchezeshwa na wengine. Iko pia kazi moja ya mwaka 1966 ambayo sikuweza kuipita. Katika filamu ya runinga iliyotokana na *Mwanamfalme Mdogo* ya Saint-Exupéry, iliyoongozwa na Wolf, Bodenstein, mwanamke wa miaka ishirini na saba au ishirini na minane, alimwigiza mwanamfalme mwenyewe. Mtoto wa kiume aliyeshuka kutoka nyota nyingine aliwekwa mikononi mwa mwanamke mzima, na sioni ni nani mwingine angepewa, ukishajua alichoweza kufanya na mabega yake.

Hapo nimemtaja Wolf tena. Safari hii yuko mahali pake.

## Shaka kuhusu hadithi yenyewe

Lipo jambo jingine, na siwezi kulipitia mbali. Ninaye mpwa wa kike wa miaka sita huko Unguja, na kabla ya kumtumia filamu hii nilijiuliza kama ninataka aione.

Hadithi inasema kwamba binti mwenye kiburi anaadhibiwa kwa kunyang'anywa uzuri, na kwamba kila wema anaoutenda unamrudishia kipande cha uzuri ule. Tunazo nyingi za jinsi hiyo kwetu. Watoto wetu wamelala kwa hadithi za binti sultani anayekataa wachumba mpaka yakamkuta. Ujumbe wake kwa mtoto wa kike unanitia wasiwasi: kwamba ubaya wa sura ni adhabu, na kwamba wema una malipo yake kwenye kioo. Mpwa wangu ana alama ya kuungua shavuni. Atafikiri nini?

Hata huko kwao filamu haikupokewa kwa mikono miwili na wote. Baadhi ya wahakiki wa Ujerumani Mashariki walinung'unika kwamba imejaa wafalme na uchawi na haina funzo la kijamaa. Wasiwasi wao sio wangu, lakini ulinifundisha kwamba wakubwa tangu hapo wamekuwa wakibishana juu ya kile ambacho watoto wanapaswa kukipata humo, pasipo kuwauliza watoto wamepata nini.

Nilimwuliza aliyekuwa mtoto. Nilimshukia Bibi na swali langu, na nilimweleza habari ya mpwa wangu na shavu lake.

Bibi alikaa akifikiri. Akasema kwamba yeye na wasichana wenzake, katika ua wa nyumba yao uliokuwa bado una kifusi cha mabomu, walicheza filamu hii majira yote ya baridi, na kwamba kila siku waligombania nani awe binti mfalme. Hawakugombania yule wa mwishoni, mwema na mzuri. Walimgombania yule wa mwanzoni.

"Tulikuwa watoto wa baada ya vita," alisema. "Tuliambiwa tushukuru kwa viazi, tushukuru kwa viatu vya kaka, tushukuru kwa kila kitu. Na pale juu ya kitambaa cheupe anasimama msichana, analetewa lulu, na anasema hapana. Sijawahi kumwona msichana akisema hapana namna ile. Tulifanya mazoezi ya kile kidevu."

Akaniinulia kidevu. Bibi wa miaka sabini na kitu, mwenye magoti mabovu, ameketi kwenye kochi lenye michoro ya maua, na kwa sekunde mbili tatu nilidharauliwa tena kama siku ile ya kwanza.

Sikupata jibu kamili kuhusu mpwa wangu. Nilichopata ni kuelewa kwamba mwandishi wa hadithi anaweza kuwa na funzo lake, na mwigizaji akampa mtoto kitu kingine kabisa chini kwa chini, kwa njia ya shingo na kifundo cha mkono. Nimeamua kwamba nitaitazama na mpwa wangu nitakapokwenda nyumbani mwezi wa sita, nikiwa nimeketi pembeni yake, na nitamwacha yeye aseme kwanza.

## Mwanamke wa mitishamba

Juma lililopita nilishuka tena kwa Bibi nikiwa na tarakilishi kwapani. Nilikuwa nimegundua kwamba mwaka 2016 runinga ya Ujerumani iliitengeneza upya hadithi ya kijimti, na waigizaji wapya na rangi mpya. Mmoja tu kati ya waliomo alikuwemo mwaka 1957. Christel Bodenstein, mwenye miaka sabini na minane, alirudi katika nafasi ndogo ya mwanamke wa mitishamba.

Bibi hakuwa na habari. Alikuwa amekataa kuitazama ile mpya kwa sababu ya kuipenda mno ile ya zamani. Nilimweleza nani yumo. Aliweka kikombe chini, akaenda chumbani polepole akishikilia fanicha, akarudi na miwani yake ya kuonea mbali, ile ambayo huivaa akienda kanisani au hospitali. Aliipangusa kwa pindo la sweta, jicho moja kisha la pili, akaivaa.

Nilitaka kubonyeza, akanizuia mkono.

"Sauti iko juu?" aliuliza.

Nikaipandisha mpaka mwisho.